Jinsi ya kubuni ala ya muziki inayochezea wakati: mwongozo kwa mwandishi wa hadithi anayeanza

Vijana wanaoandika hadithi za kubuni hapa Dar es Salaam huniletea miswada, na kwa muda sasa ala zinazochezea wakati zimekuwa nyingi humo: ngoma inayosimamisha saa, filimbi inayomrudisha mtu utotoni, gitaa linalorukisha miaka. Nalipenda wazo hili sana. Muziki na wakati vimeshikana toka mwanzo, kwa hiyo hadithi ya namna hii ina mizizi hata kabla hujaandika neno. Ila maswali yanayokuja na miswada hiyo hayabadiliki. Ala yangu ifanye nini hasa? Nianze na ala au na mhusika? Kwa nini wasomaji wanasema hawaamini?

Jibu langu kwa yote matatu ni moja: ala kwanza, maajabu baadaye. Msomaji akishaamini kwamba kitu hiki ni cha mti na chuma, kina uzito, kinachafuka, kinakatika, ataamini na yale kinachoyatenda. Fuata hatua hizi kwa mpangilio wake. Ukiruka ya kwanza, zote zilizobaki zitakusumbua.

Vitu vya kuandaa

- Daftari na penseli. Simu inafaa kuandikia hadithi, lakini ratiba ya matukio huonekana vizuri zaidi kwenye karatasi.
- Ala moja ya kweli unayoweza kuishika au kuketi karibu na anayeipiga. Kijiji cha Makumbusho pale Kijitonyama huwa na ngoma za asili. Bagamoyo, kwenye Taasisi ya Sanaa na Utamaduni, wapo wapigaji na wanafunzi wao. Karibu zaidi na nyumbani kuna kwaya, kuna dufu za madrasa, kuna bendi ya dansi inayofanya mazoezi mchana.
- Simu yenye kinasa sauti, na programu yoyote ya kubadili mwendo wa sauti.
- Saa yenye mshale wa sekunde.
- Mahali pamoja hapa jijini unapopajua kwa miguu yako. Hapo ndipo hadithi itatokea.
- Mtu mmoja mwenye subira ya kukusikiliza ukisoma.

Hatua ya 1: Chagua ala ya kweli, kisha uisikilize inavyokufa

Usianze kwa kuchora chombo chenye taa na vifungo ishirini. Anza na ala iliyopo. Ishike, au mwombe mwenyewe apige sauti moja tu, kisha utazame saa: sauti imeanzaje, imedumu kwa muda gani, imeishaje? Fanya hivyo mara kadhaa na uandike.

Zoezi hili ndilo linalokupa uwezo wa ala yako, kwa sababu kila ala ina namna yake ya kukaa ndani ya wakati. Ngoma hulia na kunyamaza papo hapo, na kati ya pigo na pigo kuna pengo. Ala ya namna hiyo inafaa kurukisha wakati. Zeze la Wagogo, lenye kibuyu na upinde, hushikilia sauti muda wote upinde unapotembea, kwa hiyo linafaa kuushika wakati usiende. Siwa, yale mapembe makubwa ya Lamu na Pate yaliyopulizwa ubavuni kwenye sherehe za wakubwa, inategemea pumzi ya mpulizaji. Pumzi ikiisha, nguvu imeisha, na mwandishi amepata mpaka bila kuutafuta.

Mimi nitatumia ilimba katika mwongozo wote huu, ala ya Wagogo wa Dodoma inayopigwa kwa vidole gumba. Marehemu Hukwe Zawose, aliyefariki mwaka 2003, aliifikisha kwenye majukwaa ya nchi nyingi, na rekodi zake zinapatikana. Zisikilize kwanza. Ilimba ni sanduku la mbao lenye vyuma vyembamba vilivyopangwa juu yake. Baadhi ya vyuma hivyo havipigwi kabisa, ila hutikisika vyenyewe vinapoitikia jirani zao. Na kwenye tundu la sanduku huwekwa utando wa buibui, ambao huipa sauti ule mvumo wa kuwasha kidogo masikioni.

Hebu vitazame vitu hivyo viwili kwa jicho la mwandishi. Chuma kinacholia bila kuguswa. Utando mwembamba ambao ukitoboka sauti inabadilika. Hakuna ubunifu wa mezani unaoweza kukupa vitu vizuri kuliko hivyo, na vilikuwapo kabla yetu.

Ilimba yangu ya kubuni naiita Subira. Mpe ala yako jina la namna hiyo, jina ambalo bibi angeweza kuliita akiwa jikoni. “Kinanda cha Majira Yote” ni jina la bango.

*Angalizo:* usiazime ala ya jamii fulani ukaibadilishia kazi zake za kweli kana kwamba ndivyo wenyewe wanavyoamini. Maajabu ni ya chombo kimoja ulichokibuni. Ilimba nyingine zote za Dodoma zibaki kuwa ilimba.

Hatua ya 2: Ipe uwezo mmoja tu

Chagua mmoja: kupunguza mwendo, kusimamisha, kurudisha nyuma, kurudiarudia au kurukisha. Uandike kwa sentensi moja fupi. Yangu ni hii: “Anayeisikia Subira, muda wake unakwenda nusu ya mwendo wa kawaida.”

Kosa kubwa la wanaoanza ni kuongeza uwezo wa pili kila njama inapokwama. Ukurasa wa tatu ala inasimamisha wakati, wa nane inaonyesha yajayo, wa kumi inafufua. Msomaji huacha kuogopa chochote, maana anajua mwandishi atatoa kingine mfukoni.

Naushauri sana uwezo wa kupunguza mwendo kwa hadithi ya kwanza. Kusimamisha wakati kabisa kuna mtego: hewa nayo ikisimama, sauti haisafiri, na mpigaji hawezi kusikia hata anachokipiga. Kurudi nyuma kunadai ratiba ngumu. Nusu mwendo ni rahisi kuupigia hesabu na bado una nguvu.

Hatua ya 3: Amua mpigaji yuko ndani au nje

Hapa ndipo miswada mingi huanguka. Mpigaji ndiye aliye karibu zaidi na sauti. Kama kila anayesikia anapunguziwa mwendo, yeye je? Ukimwacha ndani, wote wanapungua pamoja naye na hakuna anayeona tofauti isipokuwa mtu aliye mbali. Ukimtoa nje, lazima useme ni kwa nini.

Kwa Subira nimeamua hivi: mpigaji yuko nje muda wote kidole gumba chake cha kushoto kinapogusa kile chuma kirefu cha katikati. Akikiachia, anaingia pamoja na wengine. Sheria hii ndogo imeniletea hadithi nzima. Mhusika wangu, Zaituni, hawezi kukimbia vizuri, hawezi kushika mzigo, hawezi kumpa mtoto mkono, kwa sababu vidole vyake vina kazi.

Kisha fuata nadharia kidogo, nayo haiepukiki. Sauti ikipunguzwa mwendo kwa nusu, inashuka oktavu moja. Noti ya mitetemo 440 kwa sekunde inasikika kama ya 220. Kwa hiyo Zaituni, akiwa nje, atawasikia watu walioshikwa na Subira wakiongea kwa sauti nzito na ndefu. Na wao, wakiwa ndani, wataisikia dunia iliyo nje ikikimbia, honi zimekuwa nyembamba, oktavu moja juu.

Usiandike hili kabla ya kulisikia. Rekodi nusu dakika ya maneno ya kawaida, mama anaita watoto, konda anaita abiria, kisha punguza mwendo kwa nusu. Programu nyingi huhifadhi kimo cha sauti zinapopunguza mwendo. Tafuta mpangilio unaoruhusu kimo kishuke, la sivyo utasikia kitu kingine kabisa.

Hatua ya 4: Pima umbali wa sauti

Uwezo wa ala unaishia pale sauti yake inapoishia. Sauti hewani husafiri takriban mita 340 kwa sekunde, maana yake kilomita moja huchukua karibu sekunde 3. Kama ala yako ni ngoma kubwa ya usiku, mtu aliye kilomita moja atashikwa sekunde 3 baada ya mtu wa mstari wa mbele. Hiyo ni nafasi nzuri ya tukio: mama anaona wimbi la utulivu likimjia kutoka upande wa pili wa uwanja.

Ilimba haifiki mbali. Penye injini, mvumo wake hauvuki hatua chache. Chukua ala yako, au rekodi yake, uipeleke mahali pa hadithi na umwambie mwenzako arudi nyuma polepole mpaka asipoisikia. Hesabu hatua. Idadi hiyo iandike kwenye ukurasa wa kwanza wa daftari na usiivunje.

Kabla hujaenda mbele, jibu na haya, kwa sababu msomaji wa leo atauliza ndani ya aya mbili. Ala ikirekodiwa kwa simu na kutumwa WhatsApp, inafanya kazi? Ikisikika redioni? Mtu asiyesikia, au aliyevaa spika za masikioni, anashikwa? Kwangu mimi mtu kiziwi kwenye hadithi ya Subira hashikwi, na yeye peke yake ndiye anayeona kilichotokea. Nilipolijibu swali hilo, nikajikuta nina shahidi.

Hatua ya 5: Weka gharama, na ujue nani anailipa

Nakuomba uache kumzeesha mpigaji ghafla. Mvi zinazoota usiku mmoja tumezisoma sana. Itafute gharama kwenye mwili wa ala na kwenye hesabu ya muda wenyewe.

Mwili wa ala: utando wa Subira hutoboka kidogo kila inapopigwa, na ukitoboka mvumo unapungua na umbali unapungua. Zaituni lazima atafute utando mwingine kwenye pembe za dari.

Hesabu ya muda: watu walioshikwa kwa dakika 10 wameishi dakika 5 tu. Saa zao za mkononi zimechelewa dakika 5 nyuma ya saa ya ukutani nje ya banda. Wakiwa watu 40, Zaituni amewachukulia jumla ya dakika 200, zaidi ya saa tatu, na hakumwomba yeyote. Katikati yao kuna mwanafunzi anayewahi mtihani na muuza samaki ambaye mteja wake hamsubiri. Gharama inayomwangukia mtu mwingine ni nzito kuliko inayomwangukia mpigaji, kwa sababu mpigaji anaweza kujifanya haioni.

Mipaka ya namna hii si adui wa sanaa. Siti binti Saad alipokwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi nyimbo zake, upande mmoja wa santuri za wakati ule ulibeba kama dakika tatu. Nyimbo zilizozoea kunyooshwa ukumbini kadiri wasikilizaji walivyotaka zilibidi zikae ndani ya kipimo hicho, na zikakaa.

Hatua ya 6: Chagua mahali penye saa yake

Dar ina saa nyingi, na ala yako itagongana nazo. Pale Feri kuna saa ya pantoni, na kuna saa ya maji: bahari hujaa na kupwa mara mbili kwa siku, na kila siku hubadilisha wakati wake, huku bamvua, yale maji yanayojaa sana na kupwa sana, likija mwezi unapoandama na unapopevuka. Kuna adhana inayofuata jua. Kuna mwendokasi ulioanza mwaka 2016. Kuna saa zetu zinazoanza kuhesabu jua linapochomoza, ambazo kwetu huku karibu na ikweta hazipishani sana na jua mwaka mzima.

Chagua saa moja ambayo ala yako haiwezi kuigusa. Kwenye hadithi yangu ni maji. Subira inawashika watu wa banda la kusubiria pantoni, lakini bahari iko nje ya mvumo wake, na maji yanapwa kama kawaida. Msomaji anahitaji kitu kimoja kinachokwenda mwendo wake wa kweli ili apimie vingine vyote.

Hatua ya 7: Andika tukio kwa vitenzi sahihi

Kiswahili kimekupa vifaa vya kazi hii ndani ya kitenzi. Vitumie. Mwandishi anayeandika “ghafla kila kitu kikaenda polepole” amewaambia wasomaji waamini tu. Ona tofauti.

Mwendo wa kawaida hubebwa na -ka-: *Baharia akatupa kamba, muuza karanga akatoa chenji, wimbi likapiga ubavu wa pantoni.*

Sasa punguza. Ondoa -ka- yote, weka -me- kwa kilichoanza na -ja- kwa ambacho hakijafika: *Muuza karanga amefungua kiganja, chenji haijagusa mkono wa mteja. Mtoto amevuta pumzi ya kulia, hajalia. Kanga ya mama imeinuka na upepo wa feni, haijashuka.* Kile kiambishi cha -ja- kinamwacha msomaji akining'inia katikati ya tendo, na hakuna kielezi chochote kinachoweza kufanya hivyo.

Kama ala yako inarudiarudia muda, tumia hu-: *Muuza karanga hufungua kiganja. Chenji huanguka. Mtoto hulia.* Mara ya pili na ya tatu, badilisha kitu kimoja kidogo tu.

Kama inarudisha nyuma, rudi kwenye -ka- lakini geuza matendo: *Chenji ikapanda kutoka sakafuni, ikaingia kiganjani, kiganja kikafumba.* Mistari mitano ya namna hii inatosha. Ikizidi, inachosha.

*Angalizo:* tukio la kwanza la uwezo lisizidi ukurasa mmoja, na mhusika awe anataka kitu kidogo kinachoeleweka. Zaituni anataka kupenya umati afike getini kabla halijafungwa, kwa sababu shangazi yake anamsubiri Kigamboni na dawa zimo kwenye mkoba. Kuiokoa dunia kunaweza kusubiri hadithi nyingine.

Hatua ya 8: Soma kwa sauti ukipiga makofi

Piga makofi 60 kwa dakika, moja kila sekunde, na usome tukio la kupungua. Kisha weka singeli pembeni, muziki wa uswahilini kwetu unaokwenda zaidi ya mapigo 200 kwa dakika, na usome tukio la kabla. Kwenye mapigo 200, pigo moja lina sehemu 3 za kumi za sekunde. Sentensi zako za mwendo wa kawaida zinapaswa kuweza kwenda na mapigo hayo, fupi, zinazosukumana. Zile za ndani ya Subira zigome kwenda nayo. Kama aya zote mbili zinasomeka kwa mwendo mmoja, ala yako bado haijafanya kazi, hata kama umeandika kwamba imefanya.

Mwisho, chora mistari miwili kwenye daftari: saa ya nje na saa ya ndani. Andika kila tukio kwenye mistari yote miwili. Zisipolingana, rekebisha sasa.

Ikigoma

*Msomaji anauliza: kwa nini hakuitumia kumwokoa baba yake?* Mpaka wako haujaonekana mapema. Rudi ukurasa wa kwanza au wa pili, mwonyeshe mhusika akijaribu jambo dogo na kushindwa kwa sababu ya umbali au vidole. Usiongeze maelezo mwishoni.

*Ala imekuwa kama rimoti.* Mhusika anabonyeza, dunia inatii. Rudisha muziki. Je, amekosea noti? Amejifunza wimbo kwa nani? Chuma kimoja kikilegea, muda unakwendaje? Aliyefundishwa na babu yake atakosea palepale babu alipokuwa akimkemea.

*Maelezo ya sheria yamejaa aya nzima.* Mpe mtu mmoja swali halisi. Mtoto anamwuliza bibi, “Bibi, mbona saa yako imechelewa?” na bibi anajibu, “Nilikuwa bandani leo, mwanangu, kuna binti alikuwa anapiga ilimba.” Yote yamo.

*Wasomaji wanaipenda ala, hawamjali mpigaji.* Mwondolee ala kwa kurasa mbili. Utando umetoboka, mvua imenyesha, buibui hakuna. Andika anachofanya akiwa na muda sawa na wengine.

*Mwisho haupatikani.* Fungua daftari mahali ulipoandika saa ambayo ala haiwezi kuigusa. Mpeleke mhusika huko. Zaituni hakukwamishwa na geti. Maji yalikuwa yamepwa mno siku ya bamvua, pantoni ikachelewa kufunga gati, na Subira haikuwa na la kufanya.

*Hujui kama imekamilika.* Mpe mtu mmoja anayepiga muziki na mwingine anayepita mahali pale kila siku, abiria wa pantoni au mchuuzi. Waombe waweke alama ya penseli pale walipoacha kuamini, bila kueleza kwa nini. Alama za mpiga muziki zitakuwa kwenye hatua ya 1 na ya 3, za yule mwingine kwenye ya 6. Anza na zile walizoziweka mahali pamoja wote wawili.